Siku mama alipohesabu watoto wake

Mtu akiniuliza kwetu ni wapi humjibu kuwa ni Mutomo, na mara nyingi huuliza tena, "Mutomo ndiyo wapi?" Hapo hulazimika kumsafirisha kwa mdomo. Toka Nairobi kwa barabara ya Mombasa. Pita Sultan Hamud, pita Emali, pita Makindu penye lile hekalu la Masingasinga ambapo msafiri yeyote hulishwa bila kutozwa hata senti, mpaka ufike Kibwezi. Hapo iache barabara kuu ushike mkono wa kushoto. Utayapita mashamba ya mkonge, utavuka Mto Athi, na papo hapo utakuwa umetoka Makueni na kuingia Kitui. Mbele yako utaukuta uwanda wa Yatta, ambao kwa mbali huonekana kama ukuta uliojengwa na majitu. Wataalamu wa miamba wanasema ni mto wa lava uliotiririka na kuganda mamilioni ya miaka iliyopita, na sasa una urefu wa karibu kilomita 300. Ukishaupita utafika Ikutha, ambako wamishenari Wajerumani walipiga kambi mwishoni mwa karne ya 19, na baada ya Ikutha ndipo Mutomo.

Msikilizaji wangu kwa kawaida huwa amekwisha kuchoka tulipofika Athi.

Simlaumu. Mutomo ni mji mdogo ulioning'inia kwenye barabara. Maduka yamepangana huku na huku, kisha kuna kilima chenye hifadhi ya mimea ya nyika, ofisi za serikali, makanisa, na hospitali ya misheni iliyoanzishwa na masista wa Kikatoliki kutoka Ireland. Punda wenye mitungi ya maji ya rangi ya manjano hupita katikati ya mji kama wenye mji. Maji ndiyo mazungumzo yetu ya asubuhi na jioni. Visima vingi vilivyochimbwa upande ule hutoa maji ya chumvi, na Mto Tiva, ambao kwenye ramani umechorwa kwa wino wa buluu kama mito mingine, miezi mingi ya mwaka ni mchanga mtupu. Mvua inyeshapo watu huyakinga maji kwenye majabali makubwa kwa kuyajengea kingo za mawe na saruji, au huyafungia ndani ya mchanga wa mito kwa vizuizi vya zege. Mgeni hushangaa akimwona mama akichimba mchanga mkavu kwa kibuyu hadi yakatokea maji. Sisi tulidhani watu wote duniani huteka maji hivyo.

Jambo gumu zaidi kulieleza ni idadi ya watu wake. Siku ya soko ukisimama kando ya barabara utaapa kwamba Mutomo ni mji mkubwa: mbuzi, magunia ya ndengu na mbaazi, wauza mitumba, matatu zinazopiga honi. Rudi saa mbili usiku siku hiyo hiyo, utahesabu mbwa. Watu wametawanyika, kila mmoja amerudi bomani mwake, na baina ya boma na boma kuna kichaka, korongo na pengine ndovu aliyetoroka Tsavo.

Kitui nzima iko hivyo. Eneo lake ni zaidi ya kilomita mraba 30,000, karibu sawa na nchi ya Ubelgiji, ambayo ina watu zaidi ya milioni 11. Katika hesabu ya watu ya 2019 Kitui ilipatikana kuwa na watu 1,136,187, yaani kama watu 37 kwa kila kilomita mraba. Ng'ambo ya Athi, Makueni, yenye eneo dogo la kama kilomita mraba 8,000, ilikuwa na watu 987,653, na huko kila kilomita mraba ina watu zaidi ya 120. Ndiyo maana Mkamba wa Makueni humtania yule wa Kitui kwamba akitaka kumsalimu jirani yake sharti abebe chakula cha njiani.

Lakini kuna takwimu nyingine iliyonigusa zaidi. Kati ya 2009 na 2019 idadi ya Wakenya iliongezeka kwa zaidi ya asilimia 23. Kitui iliongezeka kwa asilimia 12 hivi, na Makueni vivyo hivyo. Usidhani, msomaji, kwamba akina mama wa Ukambani wameacha kuzaa. Watoto wanazaliwa, kisha wanapanda basi. Katika hesabu hiyo hiyo wanawake wa Kitui waliwazidi wanaume kwa watu zaidi ya 38,000. Ukitaka kuwajua wanaume hao walipo, tembea Pipeline na Mukuru hapa Nairobi, au Changamwe na Mikindani kule Mombasa, usikilize lugha inayozungumzwa vibandani.

Nami ni mmoja wa waliopanda basi. Nilizaliwa Juni 1989, mwaka wa hesabu. Mama husema nilihesabiwa nikiwa mgongoni mwake, nina umri wa miezi miwili, na kwamba nililia mpaka karani akakosea kuandika. Baada ya shule ya sekondari nilikuja Nairobi kusomea stashahada ya uandishi wa habari, na sijarudi kuishi nyumbani tangu wakati huo.

Mnamo Agosti 2019 mhariri wangu alinituma nyumbani kwa juma moja. Serikali ilikuwa imetangaza kwamba kila mtu atahesabiwa pale atakapolala usiku wa Jumamosi tarehe 24 kuamkia Jumapili tarehe 25. Baa ziliamriwa kufungwa saa kumi na moja jioni. Makarani safari hii hawakubeba makaratasi bali vishikwambi, mara ya kwanza katika historia ya nchi. Nao wanasiasa wa kila upande walikuwa wakiwasihi watu wao warudi mashambani wakahesabiwe huko. Hawakufanya hivyo kwa mapenzi tu. Wakati huo asilimia 45 ya fedha zilizogawiwa kaunti ilitegemea idadi ya watu, kwa hiyo kila kichwa kilichokosekana kilikuwa na bei yake. Mhariri alitaka kujua kama watu wangerudi kweli.

Nilishuka Mutomo Ijumaa jioni nikiwa nimejaa vumbi, maana barabara ya lami ilikuwa bado inajengwa. Nilihesabu walioshuka pamoja nami: tulikuwa watano, na wawili kati yao walikuwa wanakwenda matangani.

Kwetu ni mwendo wa kilomita 14 hivi kutoka mjini. Baba alifariki 2006, na tangu hapo mama huishi na mjukuu wake, binti wa dada yangu, ambaye mwaka huo alikuwa darasa la sita. Jumamosi usiku tulilala watu watatu katika boma lenye nyumba nne. Mbili kati ya hizo zimejengwa na kaka zangu kwa matofali ya kuchoma, zina mabati mazuri, na madirisha yake hufunguliwa Desemba.

Karani alikuja Jumatatu alasiri, ameongozana na mzee wa kijiji. Alikuwa kijana wa jirani zetu ambaye mama alimpokea akizaliwa. Alikuwa amemaliza chuo na hana kazi, na kofia ile ya sensa aliivaa kwa heshima kama askari. Mama alimkaribisha kwenye kiti, akamletea uji. Kijana akakifungua kishikwambi chake akaanza.

"Jina lako, mama?"

Mama akamtazama. "Kwani umelisahau?"

"Nimeambiwa niulize, mwaitu."

Basi akajibiwa. Ikafuata hoja ya waliolala. Mama akaanza kuwataja watoto wake wote kwa kufuatana. Kaka mkubwa aliye Mombasa bandarini. Dada aliye Mombasa pia. Dada aliyeolewa Kibwezi. Kaka anayefundisha Wote. Mimi. Kaka aliye Pipeline. Kitinda mimba aliye Doha, Qatar, anakofanya kazi za nyumbani. Karani akamwacha amalize, kisha akasema kwa upole kwamba ni mimi peke yangu niliyelala hapa.

"Hata nyumba zao huzioni?" mama akauliza huku akionyesha kwa mkono. "Hizo ni nyumba za nani?"

Mzee wa kijiji akaingilia kati kueleza kwamba waliobaki watahesabiwa huko waliko. Mama hakuridhika. Alisema mtu halali kwake anapolala kwa kibarua. Kwake ni pale atakapozikwa. Mzee wa kijiji akacheka, lakini nilimwona akitikisa kichwa kukubali. Nami, mwandishi wa habari mwenye daftari lake, nilifurahi kwa kuwa nilikwisha kupata sentensi yangu ya kwanza ya makala.

Kisha likatokea jambo la kuchekesha. Kishikwambi kiliuliza kama kuna mtu wa nyumba hii aliyekwenda kuishi nchi za nje. Mama akachangamka. Kwa hiyo katika watoto wake walio mbali, ni yule wa Doha tu aliyepata nafasi katika fomu ya nyumbani kwao. Wa Kibwezi, ambaye angeweza kuja akala chakula cha mchana na kurudi, hakuandikwa.

Likaja swali la wanawake. Fomu ilitaka kila mwanamke mwenye umri wa miaka 12 na zaidi aulizwe amezaa watoto wangapi walio hai wakati wa kuzaliwa. Karani aliinamisha uso, maana kumwuliza mama wa rika la mama yako jambo kama hilo si adabu.

"Wanane," mama akasema.

Nikadhani amechoka. "Saba, mwaitu," nikamrekebisha.

Hakunitazama. "Wewe ndiye uliyezaa?"

Karani akabonyeza. Wanaume? Wanne. Wanawake? Wanne. Wangapi wanaishi hapa? Hakuna, huyu atarudi kwake. Wangapi wanaishi kwingine? Saba. Kidole cha kijana kikasita juu ya kioo. Alikuwa amekwisha kulijua jibu la swali linalofuata, kwa kuwa ni hesabu ya kutoa ya mtoto wa darasa la kwanza. Hata hivyo aliambiwa aulize, akauliza.

"Waliofariki?"

"Mmoja. Msichana."

Maswali mengine siyakumbuki. Nadhani yalihusu mbuzi, choo, redio na kuni. Walipoondoka karani alichora namba mlangoni, na mjukuu akaenda kuitazama kwa furaha kama mtu aliyepewa zawadi.

Nataka msomaji aelewe jinsi jambo hili lilivyonipiga. Nilikuwa na miaka 30. Katika shule ya msingi niliandika insha iliyoitwa "Familia yetu", ambayo ilianza kwa maneno "Sisi tumezaliwa saba", nikapata alama 31 kwa 40 na kusomewa darasani. Nilikuwa nimeyaandika maneno hayo kwenye fomu za chuo, nimewaambia marafiki, nimemwambia mchumba. Kazi yangu ni kuuliza watu maswali. Mama yangu sikuwahi kumwuliza, kwa sababu nilidhani najua jibu.

Sikumwuliza hata jioni ile. Ni yeye aliyeanza, tulipokuwa tukichagua ndengu kwenye ungo, mtoto akiwa amekwisha kulala.

Alikuwa kifungua mimba wake. Alizaliwa mwanzoni mwa 1978, mvua zikinyesha kupita kiasi, hivyo akapewa jina linalotokana na mbua, yaani mvua kwa Kikamba. Nilipomwambia mama kwamba siku moja huenda nikayaandika haya, aliniruhusu, ila akanikataza jina lenyewe nisilitie gazetini. Basi silitii.

Njaa kubwa kwetu hupewa majina kama watu. Ile ya mwishoni mwa karne ya 19 iliitwa Ngomanisye, na wazee walisimulia kuwa hakuna mlango ambao haikubisha. Ile ya 1984 inaitwa Nikwa Ngwete, maana yake "nafa huku nimeshika", na kinachoshikwa ni pesa. Mvua za Machi mwaka ule zilikosa kunyesha. Pesa zilikuwapo kidogo, maana baba alikuwa akifanya kazi Mombasa na alituma kila mwezi, lakini madukani hapakuwa na cha kununua. Baadaye yalikuja mahindi ya njano kutoka Marekani. Mama anasema kila mtu aliyadharau rangi na harufu, na kila mtu aliyapangia foleni.

Msichana yule alishikwa na surua. Njaa na surua ni ndugu wawili, mmoja humfungulia mwenzake mlango. Mama alikuwa na watoto wengine wawili wadogo, mimba ya wa nne changa, na mume aliye mbali. Aliwaacha wadogo kwa susu, yaani bibi yetu, akambeba mgonjwa mgongoni kabla ya alfajiri akashika njia ya hospitali kwa miguu. Ni zile kilomita 14 nilizokutajia. Alikuwa na miaka sita, mama akasema, lakini alikuwa mwepesi kama wa miaka mitatu. Jua lilipopanda wakapumzika chini ya mbuyu. Alipotaka kumfunga tena mgongoni ndipo alipogundua.

Alirudi naye. Alitembea njia ile ile akiwa amembeba vivyo hivyo ili wanaokutana naye wasijue, wasije wakamzuia kwa vilio kabla hajafika nyumbani. Baba alipata habari kwa barua baada ya siku nyingi.

Niliuliza kwa nini hatukuambiwa. Mama alipepeta ungo wake kwanza. Alisema hakuna aliyekataza. Susu alimwambia asilie mbele ya waliobaki, naye akatii, na baada ya miaka kadhaa ikawa hakuna pa kuanzia. Tena wazee wetu hawakupenda watoto wahesabiwe kwa idadi, kama vile hawakupenda kuhesabu ng'ombe. Walisema ukihesabu unamwonyesha adui cha kuchukua. Kwa hiyo watu hawakumwuliza ana wangapi, naye hakulazimika kusema saba wala wanane. "Ni serikali tu huuliza," akasema.

Alikumbuka kuwa serikali iliuliza pia 1989, 1999 na 2009. Kila mara alijibu vile vile. Sisi tulikuwa shuleni au tumelala au tunacheza, na katika hesabu ya 2009 sikuwapo nyumbani.

Usiku huo nilitoka nje penye mtandao nikampigia kaka yangu mkubwa Mombasa. Alikuwa na miaka minne mwaka ule. Akanyamaza kidogo, halafu akasema, "Nilijua." Alikuwa anamkumbuka dada aliyekuwa akimtafunia mahindi. Nikamwuliza mbona hakuwahi kusema. Akanijibu kwamba alidhani mama amesahau, na hakutaka kumkumbusha.

Makala yangu kuhusu sensa ilitoka baada ya juma moja. Ilihusu mabasi matupu, wanasiasa na fedha za kaunti, na ilikuwa na ile sentensi ya mama kuhusu mahali pa kuzikwa. Mhariri aliipenda.

Matokeo yalitangazwa mwezi wa Novemba 2019. Mwaka uliofuata maseneta waligombana kwa majuma mengi juu ya fedha zigawanywe vipi, wengine wakidai mtu mmoja, kura moja, shilingi moja, na kaunti zenye ardhi kubwa na watu wachache zikipinga. Niliufuatilia mjadala ule kwa kazi, lakini kila waliposema "idadi ya watu" niliona ungo wa ndengu.

Siku hizi barabara ni ya lami. Kutoka Kibwezi mpaka Mutomo na kuendelea Kitui gari huteleza tu, na zile kilomita 14 nazimaliza kwa dakika chache. Kule ambako Mto Thwake unakutana na Athi, mpakani mwa Makueni na Kitui, kazi ya kujenga bwawa kubwa ilianza 2018, na limekusudiwa kubeba maji mita za ujazo milioni 688. Watu wetu wamelisubiri kwa hamu, ingawa wanajua kwamba maji ya Athi yanapitia kwanza Nairobi, na Nairobi haiyarudishi safi.

Krismasi ya mwaka ule wa sensa tulikuwa nyumbani karibu wote, madirisha yamefunguliwa. Mama aliniuliza mwishowe walipata watu wangapi. Nikamsomea kutoka kwenye simu: Kitui 1,136,187.

"Na yeye yumo?"

Nikamweleza kwamba hapana, hizo ni za walio hai. Jibu lake kuhusu msichana limewekwa kwenye jedwali jingine, pamoja na ya akina mama wengine, bila jina.

Akafikiri. Kisha akauliza kama hesabu ya 1979 bado imehifadhiwa mahali fulani. Nikasema naam, vitabu vyake viko, na Wakenya walikuwa milioni 15.3.

"Basi humo yumo," akasema. "Alikuwa ameanza kutembea. Karani alimpa kalamu ashike."

Akaniambia niinuke nikamsaidie kaka kukamata mbuzi, kwani jua lilikuwa linakwenda na wa Kibwezi walikuwa wamekwisha kuvuka Athi.